Jasho la Mtoto ni la Nani?

Wahenga walinena kwamba mchumia juani hulia kivulini. Methali hii tumefundishwa tangu shule ya msingi, na kila mwalimu huieleza kwa namna ile ile: fanya bidii leo, kesho utastarehe. Sijawahi kumsikia hata mmoja akiuliza mambo yanakuwaje ikiwa aliyechuma juani ni mtoto wa miaka sita, na wanaolia kivulini ni watu wengine kabisa. Swali hili ndilo lililonifanya nishike kalamu, kwa maana limeingia nyumbani kwetu na kukaa kama mgeni asiyetaka kuondoka.

Mpenzi msomaji, hapa shuleni kwetu ni nani asiye na ndoto ya runinga? Msimu wa tamasha za drama ukifika, ukumbi hujaa hadi madirishani. Wengi wetu tulikua tukitazama Machachari katika Citizen TV, tukiwaona watoto kama sisi, wenye kusema kama sisi, wakipendwa na nchi nzima. Basi kila mmoja akawa anajisemea moyoni, "Hata mimi naweza!" Si vibaya kuota. Ila mimi nimejifunza kwamba nyuma ya ile picha inayong'aa kuna kazi, kuna saa, kuna mkataba, na kuna pesa zenye kupita katika mikono ya watu.

Mwaka jana Chama chetu cha Kiswahili kilikuwa na mjadala kuhusu watoto waigizaji: je, ile ni kazi ama ni mchezo tu? Mimi niliwekwa upande wa kusema ni kazi. Mwalimu mlezi akatuambia, "Msije hapa na maneno matupu. Leteni mfano wa mtu aliyeishi." Nikaanza kutafuta, na mtu niliyempata ni Shirley Temple wa Marekani.

Huyu Shirley alizaliwa tarehe 23 Aprili 1928 katika mji wa Santa Monica, jimbo la California. Babake alikuwa mfanyakazi wa benki, na mamake ndiye aliyekuwa na hamu kubwa ya kumwona bintiye akicheza dansi. Akiwa na umri wa miaka mitatu tu alipelekwa katika shule ya dansi mjini Los Angeles. Siku moja wakaja watu wa filamu kutafuta watoto. Inasemekana kitoto hiki kilijificha nyuma ya piano kwa haya, na hapo hapo mwelekezi akakiona, akakipenda, akakichagua.

Filamu zake za kwanza zilitengenezwa kuanzia mwaka wa 1932. Zilikuwa filamu fupi fupi zilizoitwa Baby Burlesks, ambamo watoto wadogo waliigiza mambo ya watu wazima. Malipo yalikuwa dola 10 kwa siku. Sasa sikia namna watoto wale walivyotiwa adabu. Palikuwa na kijumba kidogo cha mitambo ya sauti, cheusi, kisicho na dirisha. Mtoto aliyesumbua alifungiwa humo, na ndani mlikuwa na bonge la barafu. Akichoka kusimama, pa kukaa ni juu ya barafu hiyo! Shirley mwenyewe aliyaeleza haya katika kitabu cha maisha yake, Child Star, kilichotolewa mwaka wa 1988. Alisema hakikumwachia donda, lakini kilimfunza kuwa wakati ni pesa, na anayepoteza wakati anajitafutia balaa. Jamani, hilo ni somo la kumfunza mtoto ambaye hajaanza hata shule?

Kuna jambo jingine lililonichoma zaidi mimi kama Mwafrika. Mojawapo ya filamu zile fupi, ya mwaka wa 1933, iliitwa Kid in Africa. Humo Waafrika walifanywa kuwa washenzi wala watu, na Shirley akawa bibi mzungu aliyekuja kuwastaarabisha. Alikuwa hajui Afrika iko mashariki au magharibi. Alivishwa nguo, akaonyeshwa pa kusimama, akaambiwa la kusema. Miaka 41 baadaye, mwaka wa 1974, mama huyo huyo alitumwa Accra kuwa balozi wa Marekani nchini Ghana, akakaa huko hadi 1976. Mtu mzima alikuja kuishi na watu ambao mtoto yule alitumiwa kuwadhihaki. Mtoto mwigizaji hachagui maneno anayotiwa kinywani, lakini picha haizeeki wala haifi, na jina lililo juu yake ni lake.

Sifa kubwa zilimjia mwaka wa 1934. Kampuni ya Fox ilimwandika kwa dola 150 kwa wiki, akaonekana katika Stand Up and Cheer, na watu wakaanza kuuliza, "Ni nani yule?" Kabla ya mwaka kwisha mshahara ulikuwa umepanda hadi dola 1,000 kwa wiki, na mamake naye analipwa dola 250 kwa kumtunza na kumtengeneza. Mwezi wa Desemba ikatoka Bright Eyes. Februari 1935 akapewa tuzo maalumu ya Oscar kwa watoto, wa kwanza kabisa kuipata, naye ana miaka sita. Kuanzia 1935 hadi 1938, miaka minne mfululizo, hakuna mwigizaji yeyote wa Marekani, awe mkubwa au mdogo, aliyejaza majumba ya sinema kumshinda. Hiyo ilikuwa miaka ya dhiki kuu, watu wakipanga foleni za mkate, lakini senti za kumtazama Shirley walizipata.

Wapo waliosema kwenye mjadala, "Aah, huo ni mchezo tu, mtoto anafurahia." Haya, nitawahesabia. Kila usiku mama alimsomea maneno ya filamu kitandani, kwa sababu mtoto mwenyewe alikuwa hajajua kusoma, naye akayashika yote kichwani. Nywele zake zilisokotwa misokoto 56 kamili, si 55 wala si 57, ili picha ya leo ifanane na ya jana. Mwaka wa 1935, katika The Little Colonel, alicheza dansi ya kugongesha viatu kwenye ngazi pamoja na Bill Robinson, mchezaji hodari Mmarekani mweusi, ambaye ndiye aliyemfundisha hatua zile. Wakati huo, mtu mweusi na mtoto mzungu kushikana mikono kwenye sinema kulikuwa jambo la kushtua, na katika baadhi ya miji ya kusini sehemu hiyo ilikatwa. Mguu wa mtoto wa miaka sita uende sawa na mguu wa bingwa, kwenye ngazi, mbele ya kamera, na akikosea warudie. Kama hiyo si kazi, basi hata mwalimu wa hesabu hafanyi kazi.

Hata umri wake haukuwa mali yake. Wakubwa wa studio walimpunguzia mwaka mmoja ili aonekane mdogo zaidi. Alipodhani anatimiza miaka 12, ndipo mamake alipomwambia kuwa la, ametimiza 13. Fikiria wewe umelala na miaka 12, uamke una 13!

Mwaka wa 1950, akiwa na miaka 22, Shirley aliacha filamu. Akaomba kuonyeshwa hesabu zake. Katika utoto wake wote alikuwa amechuma zaidi ya dola milioni tatu. Zilizobaki kwa jina lake zilikuwa kama dola 44,000. Nyingine ziliendesha nyumba na wote walioitegemea, na nyingine zilipotea katika biashara zilizokwenda mrama. Hakuwapeleka wazazi wake mahakamani. Alijenga maisha mengine, akawa balozi mara mbili, Ghana na baadaye Chekoslovakia, akafariki mwaka wa 2014 akiwa na miaka 85. Lakini hesabu ni hesabu.

Tena hakuwa wa kwanza. Kabla yake alikuwapo mvulana Jackie Coogan, aliyeigiza na Charlie Chaplin katika The Kid, filamu ya mwaka wa 1921. Naye alichuma mamilioni. Alipokuwa mtu mzima akadai chake, akaambiwa kwamba kwa sheria ya California ya wakati huo, anachochuma mtoto ni cha mzazi. Mwaka wa 1938 akamshtaki mamake na babake wa kambo, na mwisho wa kesi akaambulia kama dola 126,000. Watu walikasirika sana, na mwaka wa 1939 jimbo hilo likatunga sheria ya kulinda sehemu ya mapato ya watoto waigizaji. Mpaka leo inaitwa kwa jina lake. Tangu mwaka wa 2000 imetiwa nguvu zaidi: pesa ni za mtoto mwenyewe, na angalau asilimia 15 lazima iwekwe mahali pasipoguswa hadi awe mtu mzima. Ila ukitazama vizuri utaona kuwa mwaka wa 1950, Shirley alipofungua hesabu zake, sheria hiyo ilikuwa na miaka 11 tayari. Sheria ni mlango. Asipokuwapo wa kuufunga, mwizi na mwenye nyumba hupita hapo hapo.

Tulishinda mjadala, tukapigiwa makofi, nikakaa. Lakini mimi nilikuwa najua jambo ambalo sikulisema ukumbini siku hiyo. Leo nalisema.

Dadangu mdogo yuko Gredi ya Nne. Ana kicheko ambacho ukikisikia huwezi kununa. Likizo ya Aprili mwaka juzi, wakala mmoja alimwona kanisani akikariri shairi, akamwambia mamangu kuwa kuna tangazo la sabuni linatafuta mtoto kama huyo. Mama akafunga kibanda chake cha mboga siku mbili, wakaenda. Siku ya kupiga picha walitoka nyumbani saa kumi na moja alfajiri, wakarudi saa tatu usiku. Dadangu alinihadithia kuwa aliosha shati lile lile mara nyingi hata vidole vikakunjamana kama vya nyanya. Kila akimaliza anasikia, "Tena!" Akacheka tena. Chakula kilikuwa kizuri, na mama mmoja wa mapambo alimpa peremende. Alifurahi, sitasema uongo. Lakini pia alilala kwenye matatu tangu mjini hadi Umoja, akabebwa ngazi zote mpaka orofa ya nne.

Tuliahidiwa shilingi 25,000. Zilifika baada ya miezi minne, kwenye simu ya baba, nazo zilikuwa 18,000. Wakala akasema zile nyingine ni za ofisi. Ofisi gani? Mama alikuwa ametia sahihi karatasi lakini hakuachiwa nakala, kwa hiyo hapakuwa na pa kushika. Zile 18,000 zilipoingia ilikuwa mwisho wa Agosti. Siku mbili baadaye nilikuwa kwenye gari la kurudi shuleni, na risiti ya karo ya muhula wa tatu mfukoni.

Naam, msomaji, karo yangu ya muhula huo ilitoka kwenye vidole vya mtoto wa miaka tisa. Babangu si mtu mbaya. Kazi yake ya mjengo ilikuwa imesimama tangu Juni, na angefanya nini, anitoe shule huku pesa zimo ndani ya nyumba? Ningekuwa yeye, huenda ningefanya vivyo hivyo. Ndiyo maana nasema jambo hili ni gumu. Ukisoma habari za Hollywood ni rahisi kuwalaani wazazi wale. Ukiangalia nyumbani kwenu unakuta mzazi mwema, mwenye njaa halali, na mtoto mwenye kicheko chenye bei.

Desemba iliyopita simu ikalia tena. Safari hii ni mchezo wa kuigiza wa runinga, wiki nane za kupiga picha, kuanzia Januari. Yaani muhula wa kwanza karibu wote. Nyanya yangu alikuwa amekuja kutoka Murang'a kwa Krismasi, tukakaa kikao. Nikawaeleza habari za Shirley na Jackie, hesabu moja baada ya nyingine. Baba alininyamazia muda, kisha akasema, "Sasa wewe unataka kusema mimi ni mwizi?"

"La, Baba," nikasema. "Nasema tu kuwa na yeye ana deni lake."

"Na chakula anachokula? Na siku ambazo mamako amefunga kibanda? Hizo nani atalipa?"

Ni swali la haki, na hakuna aliyelicheka. Nyanya ndiye aliyelijibu. Akasema, "Mwanangu, hata nikikamua ng'ombe wa shule, ndama wake namwachia chuchu moja. Huyu mtoto mmemwachia gani?"

Hapo dadangu, ambaye sote tulidhani anatazama katuni, akageuka akauliza, "Kwani huyo Shirley alilipwa pesa zake?" Nikamwambia hapana. Akafikiri kidogo, akasema, "Aki hiyo si poa." Akarudi kwa katuni zake.

Tuliafikiana hivi. Ataigiza, lakini wikendi na likizo tu, kwa kuwa shule haina marudio ya "Tena!" Mkataba usomwe na mtu wa tatu kabla ya sahihi, na nakala ibaki kwetu. Nauli na hasara ya kibanda cha mama zitolewe kwanza, waziwazi, ziandikwe. Kinachobaki, nusu iende kwenye akaunti ya benki yenye jina la mtoto. Mama akapiga simu kueleza. Wenyewe wakajibu kuwa ratiba yao haiwezi kubadilika, na kufikia jioni walikuwa wamempata mtoto mwingine.

Dadangu alilia siku mbili. Hapakuwa na maneno matamu ya kumpa, na sitajifanya kuwa sote tulifurahi kwa kutenda haki. Pesa hizo zingelipa karo ya mwaka mzima. Lakini Januari baba alipopata mjengo tena, bila kuambiwa na mtu, alikwenda benki akafungua ile akaunti. Amekuwa akiweka shilingi 500 kila mwezi, akisema analipa zile 18,000. Mimi naye nimeapa kuwa nikimaliza Kidato cha Nne na kupata kibarua, nitamsaidia kuimaliza, maana aliyesoma kwa pesa hizo ni mimi.

Sisemi watoto wasiigize. Laiti dunia ingekosa ile dansi ya kwenye ngazi, ingekuwa imepungukiwa. Filamu yetu ya Supa Modo ya mwaka wa 2018, iliyoongozwa na Likarion Wainaina, ingetengenezwaje bila mtoto wa kuibeba? Katiba yetu ya 2010, kifungu cha 53, inampa kila mtoto haki ya elimu ya msingi ya bure na ya lazima, na inamkinga dhidi ya kazi za kumdhulumu. Hayo yameandikwa. Kilichobaki ni sisi kuyasoma na kuyatia nyumbani mwetu.

Basi nyinyi wenzangu wa chama cha drama, na nyinyi mlio na wadogo wenye vipaji, simu ikilia msikimbilie kushangilia tu. Ulizeni kwanza: ni saa ngapi za kazi, na shule itakuwaje? Ulizeni pili: nakala ya mkataba iko wapi? Ulizeni tatu: wakala anachukua kiasi gani, na kimeandikwa? Ulizeni nne, na hili ndilo kubwa: mtoto huyu akifika miaka 18, ataonyeshwa nini kwa jina lake? Nanyi walimu wetu wapenzi, mkiwafundisha wadogo zetu ile methali ya mchumia juani, tafadhali waongezeeni hili: mchumaji naye awekewe nafasi yake kivulini.

Akaunti ya dadangu sasa ina shilingi 4,500. Ametuomba kadi yake ya benki aione. Baba akamwonyesha, akaigeuza huku na huku, akasoma jina lake kwa sauti, herufi kwa herufi.